Alhamisi za Mama Njeru

Simu ya Njeru ilinikuta shambani nyuma ya nyumba, hapa Timau, nikipalilia vitunguu huku upepo wa mlima ukinikata masikio. "Kathure," alisema, "mama ametuacha. Jana saa kumi." Nikampa pole. Akaniambia mazishi ni Jumamosi na kwamba familia imenitengea nafasi ya kuongea, baada ya mchungaji na kabla ya chifu. "Wewe ndiye ulimrudishia mtoto wake," alisema. "Watu wanataka kukusikia." Nilikubali, ningefanyaje. Nikakata simu, nikaketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, na kwa muda mrefu sikuona vitunguu wala magugu. Kwa miaka zaidi ya thelathini watu wa boma lile, kule juu ya Runyenjes kwenye majani chai, wamenialika katika kila sherehe yao. Nimeketishwa mbele ya wazee. Nimepakuliwa nyama kabla ya wakwe. Binti wa tatu wa Njeru anaitwa Kathure, jina la Kimeru katika nyumba ya Waembu, nyumba ambayo watoto wote wengine wamebeba majina ya mababu na nyanya zao kwa utaratibu unaojulikana. Na mimi nimekaa na heshima hiyo yote kama mtu aliyevaa koti la kuazima, kila mara nikihofia mwenyewe atatokea.

Wanaonijua siku hizi wananijua kwa kelele zangu. Huzunguka kwenye makanisa, vikundi vya akina mama na mikutano ya chifu nikieleza habari za watu waliofungwa bila kosa, na jinsi rufaa inavyoweza kulala kabatini hadi mtu akazeekea ndani. Nikikaribishwa huambiwa, "Huyu ndiye mama aliyemtoa mtu kwenye kamba ya kunyongea," na watu hupiga makofi kabla sijafungua mdomo. Sisemi kwamba nayachukia makofi hayo. Lakini katika hadithi yangu kuna mahali nimekuwa nikiparuka, kama mtu arukavyo ubao mbovu kwenye daraja la kwao, kwa mazoea, bila hata kutazama chini. Husema, "Faili lilikuwa limepotea, nikalipata." Njia ya mwongo ni fupi, wanasema wahenga. Yangu imekuwa ndefu ajabu, na nimeitembea nikiwa na Biblia mkononi.

Nilikuwa na miaka ishirini na miwili nilipopelekwa kupiga taipu katika mahakama ya mji mdogo upande wa Embu. Mji wenyewe sitautaja. Niliofanya nao kazi wana watoto na wajukuu, na ninachokiri ni changu. Chumba chetu kilikuwa nyuma ya jengo, dirisha moja la kuhudumia watu na jingine la kutazama migomba. Kulikuwa na rafu za mbao kutoka sakafuni hadi darini, zimejaa mafaili yaliyofungwa kwa utepe, na harufu ya karatasi nzee iliyochanganyika na ya chai, kwa sababu Mzee Ireri, karani mkuu, aliweka birika lake juu ya koili ya stima pale pale chini ya rafu, na hakuna aliyethubutu kumwambia kwamba siku moja atatuchoma sote. Tulikuwa watatu: yeye, mimi, na Wawira, mpiga taipu mwenzangu, aliyenizidi miaka kumi na ambaye alijua ndoa ya kila mtu mjini ilikuwa na shida gani. Kazi ilikuwa hivi. Hakimu aliandika kesi kwa mkono, kila neno la kila shahidi. Mtu akihukumiwa na akitaka kukata rufaa, maandishi hayo yote yalipaswa kupigwa taipu na kupelekwa mahakama kuu. Bila kupigwa taipu, hakuna rufaa ya kusikizwa. Mfungwa angengoja. Hilo nililijua tangu siku ya kwanza, kama nilivyojua bei ya mkate.

Foleni haikuwapo. Mzee Ireri alinifundisha sheria ya chumba kile nikiwa bado sijavua sweta: "Msichana wangu, faili linalofuatwa ndilo linalotembea." Wakili akija dirishani, faili lake lilipanda juu. Mwalimu mkuu akija kwa ajili ya ndugu yake, faili lilipanda. La mtu asiye na wa kumfuatia lilishuka, likashuka, hadi likafika rafu ya chini karibu na birika. Hatukuwa watu wabaya. Mzee Ireri alikuwa mzee wa kanisa na Wawira aliimba kwaya. Hakuna kati yetu aliyeona kwamba kile tulichokiita kufuata kazi kilikuwa hukumu ya pili, iliyotolewa na watu watatu wanaokunywa chai.

Sasa nifike kwenye ule ubao. Meza yangu ilikuwa fupi, taipureta ilikaa chini mno, na kufikia wiki ya pili ya Januari mgongo ulikuwa unaniuma hadi nashindwa kuinama kufunga viatu. Wawira akacheka. "Inua mashine. Weka mafaili chini yake. Hata mimi nimeweka, angalia." Kweli alikuwa ameweka. Nikaenda kwenye rafu ya chini, ile ya wasio na watu, nikachagua matatu manene yanayolingana, nikayapanga mezani na kuweka taipureta juu. Ikakaa sawasawa. Sikusoma majina. Nikashukuru, nikavuta kiti, na mgongo haukuniuma tena mwaka ule.

Alhamisi ya wiki hiyo, au iliyofuata, ndipo yule mama alipoanza kuja. Alikuwa mwanamke wa makamo, mrefu, kitambaa kichwani, gambuti amezisafisha kwenye mfereji wa nje hadi zinang'aa. Aliingia, akatusalimu mmoja mmoja kwa mkono, akafungua kiondo na kupanga juu ya kabati maparachichi sita na kichala cha ndizi mbivu. Kisha akatoka, akaketi kwenye benchi la veranda, mikono magotini, hadi saa kumi tulipofunga. Akatuaga, akaenda zake. Alhamisi iliyofuata akaja tena. Na iliyofuata. Wakati mwingine alileta nduma zilizochemshwa, bado zina joto ndani ya majani ya mgomba. Tulikuwa tukizimenya saa nne, chai ikitokota, tukila parachichi kwa mkate na chumvi, na nakumbuka Wawira akiramba kidole na kusema, "Huyu mama mkwe wa Mzee anatutunza, jamani. Wangu hata salamu hanipi."

Ndiyo, mama mkwe wa Mzee Ireri. Hivyo ndivyo Wawira na mimi tulivyoamua, na tulikuwa na ushahidi. Mzee Ireri alipopita kwenye veranda alipita ameinamisha macho, ukutani, kwa haraka, na kwetu mwanamume humpita mama mkwe wake namna hiyo hiyo. Hamkaribii, hamkodolei macho, hakai naye benchi moja. Tukasema, tazama jinsi anavyomheshimu. Naye Mzee Ireri, kama nilivyokuja kujua baadaye, alikuwa ameamua kwamba ni jamaa yangu. Alinisikia nikimsalimu kwa Kimeru na mama akijibu kwa Kiembu, tukielewana kama watu wa nyumba moja, akadhani ni mwenye nyumba yangu au shangazi aliyeolewa huku, na akaona si adabu kuingilia mambo ya wanawake. Kila mmoja alikula parachichi la mgeni wa mwenzake. Na kwetu mgeni haulizwi amefuata nini. Unampa kiti, unampa kikombe, unangoja atoe mwenyewe shida yake. Kumuuliza ni kama kumwambia aondoke. Mama naye alikuwa na adabu yake, ile waliyolelewa nayo watu wa umri wake: mtu wa serikali haharakishwi. Ukiambiwa uje, unakuja, unaketi, utaitwa. Basi adabu mbili nzuri zikaketi kila upande wa mlango mmoja, Alhamisi baada ya Alhamisi, hakuna iliyoitangulia nyingine kuongea. Kuuliza si ujinga, tulifundishwa hivyo shuleni, na mimi nilikuwa nimepita mtihani wa Kiswahili vizuri sana.

Mwezi wa Mei alikosa mara mbili. Alipokuja tena, chini ya kitambaa kichwa kilikuwa kimenyolewa. Wawira ndiye aliyeona kwanza, akanigusa kiwiko. Tukatoka nje kumpa pole. "Ni mzee wangu," alisema. "Alilala tu, hakuamka." Wawira akampelekea chai yenye sukari nyingi na kushika mkono wake kwa muda. Tuliporudi ndani alininong'oneza, "Lakini Mzee hakuomba ruhusa hata siku moja. Baba mkwe anazikwa, yeye yuko hapa anagonga mihuri. Lazima wamekosana ukweni." Mzee Ireri siku hiyo alinitazama kwa jicho la lawama hadi nikajiuliza nimekosea wapi. Alikuwa akiwaza, nadhani, ni msichana wa namna gani huyu asiyekwenda kuzika watu wake. Hata msiba haukutufungua midomo. Tulikuwa na huruma, hilo nalisema mbele ya Mungu, huruma ilikuwepo tele. Tulimhurumia kwa chai.

Katikati ya Septemba Mzee Ireri alienda likizo. Alhamisi ilipofika nikamwona mama amejikalia kwenye benchi kama kawaida, nikaona ni vibaya aumie bure kwa ajili ya mkwe asiyekuwepo. Nikatoka.

"Mama, leo Mzee hayuko. Ameenda likizo mpaka mwezi ujao."

"Mzee yupi?"

"Mzee Ireri. Mkwe wako."

Alinitazama kama mtu anayejaribu kujua kama anataniwa. "Mimi sina mkwe hapa kotini," alisema polepole. "Mimi nina mtoto."

"Mtoto gani?"

"Njeru. Njeru wa Nyaga. Ile kesi ya duka. Walisema anyongwe, akaandika rufaa. Nilikuja hapa kwa dirisha, yule mzee akaniambia, njoo Alhamisi tutaangalia. Sasa nimekuwa nikikuja." Akavuta kitambaa chake mbele. "Sikutaka kuwasumbua. Naona mko na kazi mingi."

Mzee Ireri aliwaambia hivyo hivyo wote waliofika dirishani, bila kuinua macho kuwatazama. Niliingia ndani. Daftari la mapokezi lilionyesha kwamba faili liliingia Desemba ya mwaka uliotangulia. Wawira na mimi tukaanza rafu ya juu, tukashuka, tukapekua mpaka nyuma ya kabati. Saa tisa hatujapata kitu. Nikamwona Wawira amesimama katikati ya chumba, mikono kiunoni, anaitazama meza yangu. Tukainua taipureta pamoja. Lilikuwa la katikati. Faili la juu yake lilikuwa na mashimo manne ya miguu ya mashine, na alama zake zilikuwa zimepenya hadi kwenye jalada la Njeru. Wawira akafunga mlango. "Usiwahi kusema," alinong'ona. "Watakufuta kazi, na mimi pia. Mwambie lilikuwa stoo." Nikatoka na faili kifuani. Nikamwambia, "Tumelipata, mama. Lilikuwa limepotelea stoo." Akainuka, akashika viganja vyangu viwili, akavitemea mate kidogo kama wazee wanavyobariki, akasema Mungu anipe watoto watakaonitafuta nikipotea. Nilirudi ndani na sikunawa mikono hadi jioni. Sijui kama ilikuwa kwa heshima au kwa woga.

Nilianza kupiga taipu saa hiyo hiyo na nikamaliza siku ya nne. Mpiga taipu hasomi; maneno hutoka machoni yakaenda vidoleni bila kupitia kichwani, na ndivyo nilivyokuwa nimepiga kesi nyingi mwaka ule bila kujua nani aliumizwa na nani. Hii niliisoma. Duka la sokoni lilivamiwa jua likizama, mvua ikinyesha, mwenye duka akakatwa panga begani. Alisema kotini kwamba sura hakuiona vizuri, ila alimjua mtu kwa urefu wake na kwa koti la mvua la manjano. Polisi walikwenda kwa kina Njeru wakakuta koti la manjano limetundikwa mlangoni. Akaulizwa, hili ni lako? Akajibu ndiyo, kwa sababu lilikuwa lake. Basi. Hilo ndilo lililomfunga. Na mimi, mtu wa Timau, kwenye ngano na baridi, sikuona tatizo hadi Wawira, aliyekuwa akisoma juu ya bega langu, aliposema, "Koti la manjano? Si kila mtu huku analo. Kiwanda cha chai kiliwapa wachumaji wote." Siku ya mvua, alisema, ukisimama barabarani, mteremko mzima ni wa manjano. Hakimu alikuwa mtu wa mbali, wa nchi ya jua, hakujua. Ukumbi ule ulikuwa umejaa watu waliojua, wengine wakiwa wameyakunja makoti hayo hayo mapajani, na hakuna aliyelitaja kwa sababu hakuna anayemweleza mwenzake jambo ambalo kila mtu analijua. Njeru hakuwa na wakili. Katika ukurasa mmoja aliomba karani wa kituo cha kupimia majani aitwe, kwa sababu saa ile ya uvamizi alikuwa pale kwenye mizani na jina lake liliandikwa. Kesi ikaahirishwa ili karani aitwe. Ukurasa uliofuata ulikuwa na tarehe mpya, na karani hatajwi tena mahali popote. Hukumu ilikuwa kurasa mbili. Nilipofika mwisho wake niliinua macho nikatazama kalenda ukutani, nikahesabu miezi, ingawa nilikuwa najua jibu.

Rufaa ilisikizwa Aprili iliyofuata na Njeru akaachiliwa. Majaji walitaja koti na wakamtaja karani. Alikuja ofisini na mama yake, kijana mwembamba ambaye macho yake hayakutulia, naye mama amebeba jogoo. Nilimpokea yule jogoo. Wawira na mimi tulimchinjia kwangu, katika chumba changu cha kupanga chenye jiko la makaa kando ya kitanda, tukamla kwa githeri, tukashiba, na hatukulitaja faili. Hilo ndilo linalonitesa kuliko yote nikilikumbuka, zaidi hata ya uongo wenyewe: kwamba jogoo alikuwa mtamu.

Ni kweli nilibadilika. Nilinunua daftari nikaandika kila faili na siku liliyoingia, nikaanza kupiga kwa zamu, la kwanza kwanza. Mzee Ireri alilalamika kwamba naharibu kazi. Kila asubuhi nilitoka verandani na kumuuliza kila aliyeketi pale, "Umekuja kwa nani?" na wengine walikasirika, wakaniona msichana asiyelelewa. Miaka ikapita, nikaacha kazi, nikajiunga na akina mama wa kanisa na wakili mmoja kijana. Tukawa tunaingia magerezani, tunaandika barua, tunadai kitu kidogo tu ambacho hata leo baadhi ya wakubwa hukiona kama kiburi, kwamba rufaa zishughulikiwe kwa siku zilipofika na si kwa nani anazifuata. Tumesaidia watu. Sitajishusha hadi niseme hatujasaidia. Lakini kila niliposimama kuhutubia nilisema "faili lilipotea", kana kwamba lilikuwa na miguu. Na nyumbani, peke yangu, nilipiga hesabu. Tangu nilipomaliza kupiga taipu hadi Njeru kutoka ilikuwa miezi saba. Ningepiga Januari, angetoka Agosti. Baba yake alifariki Mei. Kwa hiyo hata ningefanya haraka asingemkuta. Nimeipiga hesabu hiyo mara nyingi, ikinijia kila mara na jibu lile lile zuri, na mtu asiye na hatia hapigi hesabu kama hizo.

Nilifika kwao Ijumaa mchana, siku moja kabla ya mazishi. Akina mama walikuwa wakimenya viazi chini ya turubai wakibishana kama sufuria nne za mchele zitatosha. Njeru alinipeleka kwenye banda wanapotundika vikapu vya kuchumia chai, kwa sababu ndipo penye utulivu. Ana miaka sitini sasa, magoti yanamsumbua, nywele zimebaki pembeni. Tukaletewa chai na mandazi. Alianza kunieleza mpango wa kesho na nikamkatiza.

"Njeru, kuna kitu sikuwahi kuwaambia."

"Kama ni nauli ya kurudi, tumepanga."

"Ile faili haikuwa stoo. Ilikuwa kwa meza yangu. Niliiweka mimi, chini ya mashine."

"Chini aje?"

"Meza ilikuwa fupi, mgongo ukawa unaniuma. Nikainua mashine na mafaili matatu. Yako ilikuwa ya katikati."

Aliweka andazi lake chini. "Na ukawa unapiga taipu juu yake."

"Ndio."

"Za watu wengine."

"Za watu wengine."

"Miezi mingapi?"

"Minane."

Nje mtu alikuwa akicheka, na mwingine akamwambia anyamaze, kuna msiba. Njeru aliuliza, "Mama alikuwa anakaa wapi?" Nikamwambia kwenye benchi, nje ya mlango. Akauliza kutoka kwa benchi hadi meza yangu ni hatua ngapi. Nikafunga macho nikazitembea. "Sita," nilisema. "Labda saba." Akatikisa kichwa polepole, kama mtu anayepokea bei. "Kule ndani," alisema, "kulikuwa na mzee wa Mbeere alikuwa anatuambia tusilale asubuhi. Ati ukilala watakuchukua ukiwa na usingizi, ni aibu. Hiyo miezi yote mimi sikulala asubuhi. Hata saa hii siwezi." Mpwa wake akaja kumuuliza hema liwekwe wapi. Akainuka kwa shida, akishika ukuta, na alipofika mlangoni akageuka. "Programu ishatoka kwa printa. Jina lako liko." Alisema hivyo tu.

Basi Jumamosi mshereheshaji akaniita, akanitambulisha kwa maneno yale yale ya kamba, nami nikachukua kipaza sauti nikasema yote. Nilisema meza, mgongo, mafaili matatu, benchi, maparachichi niliyokula. Nilisema mama huyu mnayemzika alikaa hatua sita kutoka kwa uhai wa mtoto wake kwa miezi minane, na mimi nilikuwa nimeukalia. Sauti yangu haikutetemeka. Nimezoea vipaza sauti. Kisha mchungaji akasema amina, na hema lote likasema amina, na makofi yakaanza nyuma yakaja mbele, kwa sababu katika makanisa yetu anayekiri hushangiliwa. Mshereheshaji akasema, "Mungu ni mwema," wakajibu, "Kila wakati." Yule binti mwenye jina langu alikuja akanikumbatia akilia. Nilisimama pale nikipokea makofi makubwa kuliko yote niliyowahi kupata, na nilitamani mtu mmoja anitukane. Njeru alikuwa kwenye mstari wa mbele karibu na jeneza. Mikono yake ilikuwa magotini na haikutoka hapo.

Baada ya kuzika na kula alinisindikiza hadi barabarani, kwa sababu mgeni husindikizwa, hata awe amefanya nini. Alibeba mwenyewe mfuko wa ndizi walionifungia wanawake. Tulipofika kituoni akaweka mfuko chini, akatazama upande magari yanakotokea.

"Tangu nitoke huwa nakuombea," alisema. "Kila asubuhi, kwa jina. Mama ndiye alianzisha, akasema nisiwahi kuruka hata siku moja, na sijaruka." Akapangusa uso kwa kofia yake. "Hata leo nimekuombea. Nilikuwa nimemaliza, nimesema amina, ndio nikakumbuka ile faili. Kesho nikikumbuka kabla sijaanza, Kathure, sijui itakuwa aje."